Kilio cha Mwigizaji

Baba yangu alizaliwa Moshi, mama yangu Tanga. Sikusoma, mjukuu wangu, andika ninavyosema.

Miaka ya tisini ikiishia, nikinunua nguo Guangzhou, nilipanga kwa ajuza aliyewahi kuigiza jukwaani na katika sinema zisizo na sauti. Sinema zilipoanza kusema, aliachwa. Zake za zamani ziliungua zote.

“Mwanangu, nikifa, nani atajua nilikuwepo?” alinisihi, dalali wangu akitafsiri.

Akanivika kanzu yake ya jukwaani, akauinua mkono mrefu wa kanzu hiyo hadi machoni pangu. Ndivyo waigizaji walivyolia jukwaani. Nilipojaribu, alifoka: “Unalia kama mbeba marobota!” Akanirudisha mwanzo mpaka nikapatia, kisha akanipa kanzu ile.

Niliporudi kuchukua mzigo mwingine, alikuwa amekufa, na nyumba imebomolewa.

Kanzu itaoza, usiihangaikie. Kitunze kilio. Weka kalamu chini, simama, inua mkono. Polepole. Rudia.