Dadangu Bado Yumo Daftarini

Tangu dadangu afariki nilikuwa nikiambiwa nikalifute jina lake kwenye daftari la wapiga kura, nami nikikaidi. Wanangu wamesema, shemeji kasema. "Mtu keshakufa, wafuga jina lake la nini?" Watu wengine, jamani! Hawakujua kwamba hapakuwa na mahali pengine palipobaki mimi na yeye tumeandikwa pamoja, jina lake juu, langu chini, kwa kuwa baba yetu ni mmoja na herufi zetu zafuatana.

Ndiye aliyenilea. Mama alitutoka kabla sijaanza shule, naye dadangu alikuwa kigori tu. Nakumbuka uchaguzi wa mlolongo, pale uwanja wa shule, mtaani kwetu Junda. Siku hizo hapakuwa na sanduku. Ulisimama nyuma ya picha ya umtakaye, mchana kweupe, mkahesabiwa vichwa. Mstari wa bwana mkubwa ulipita hadi nyuma ya vyoo. Dadangu alinishika mkono akaenda kusimama nyuma ya picha ya mtu ambaye hakuwa na watu hata kumi. Wanawake wa mtaani wakampigia kelele: "We! Njoo huku, watutia aibu!" Hakugeuka, ila kiganja chake kilikuwa kimelowa jasho.

Walimwadhibu, wallahi. Bomba la jirani alilokuwa akiteka maji likawa "halina maji" kila akifika na ndoo, na miezi kadhaa tulikwenda kuteka mtaa wa pili. Kwa hivyo kura ya siri iliporudi, aliapa hapana binadamu atakayejua tena kura yake. "Nilishaonekana mara moja," alisema. "Yatosha."

Na hakuniambia kamwe, mimi, mtoto wake! Kila uchaguzi tulipanga foleni pamoja, kila uchaguzi nikimwandama njiani kurudi. "Ulimpa nani?" Ananijibu, "Nilimpa mumeo." Nanuna, yeye acheka, twafika kwake twala mahamri na mbaazi zilizolala tangu jana. Siku nzuri kama hizo sijazipata tena.

Kisauni ya siku hizo ilikuwa jimbo moja kubwa la uchaguzi, Kongowea hadi Shanzu. Baadaye wakaja wenye ramani wakalikata. Kongowea, nilikoolewa, ikaangukia Nyali. Junda ikabaki Kisauni. Mume wangu akanihimiza nihamishe kura, kwani yuko mtu wetu huku, na kila kura yahitajika. Nikamwambia mtu wetu ajitafutie kura zake. Mimi siku ya uchaguzi niliamka nikaenda Junda kwa dadangu, basi.

Sukari ndiyo iliyomchukua. Uchaguzi uliofuata nilikwenda peke yangu. Karatasi za majina zilikuwa zimebandikwa ukutani, nikatafuta kwa kidole hadi nikatufikia. Nilisimama pale mpaka askari akaniuliza kama sijui kusoma.

Matokeo yalipotoka, niliyemtaka alikuwa kashindwa, nami mdomo wangu hauna breki. Nilisimama barazani nikawatangazia majirani kwamba maiti wamepiga kura, kwamba tumeibiwa. Mama mmoja anayeuza viazi karai pale kwetu akaniuliza, kwa upole tu, "Na dadako, mlimtoa?"

Nikaingia ndani. Nilikaa na swali lile nikiosha vyombo, nikikunja nguo. Kama kuna mtu aliyeingia kupiga kura kwa jina lake, basi alimchagulia mgombea. Mwanamke aliyekosa maji kwa ajili ya kura yake, aliyenificha hata mimi, akachaguliwa mtu na mhuni mmoja asiyejua hata kaburi lake liko wapi. Nami ndiye niliyeuacha mlango wazi, kwa sababu napenda kusoma jina.

Juzi watu wa uchaguzi walifungua ukaguzi wa daftari palepale shuleni. Nilikwenda na cheti cha kifo mkobani. Karani alikuwa msichana wa bara, mpole. Akanionyesha jina langu kwenye kioo cha mashine.

"Huyu wa juu ni ndugu yako, mama?"

"Ni dadangu. Amekufa. Nataka mumtoe."

"Pole sana." Akaandika, akakagua cheti, akaniuliza mara mbili kama nina hakika. Nikamwambia, "Andika, mwanangu, kabla sijabadilisha nia." Akabonyeza. Majina yakapanda, na juu yangu akaja mwanamume mmoja nisiyemjua.

Siku ya mazishi sikutoa chozi, maana kulikuwa na wageni wa kupikiwa. Nililia pale, nimesimama mbele ya meza ya karani, foleni nzima ikingoja zamu yake.