Kuku wa Jina Langu

Kuna kopo la bati ninaloliweka juu ya kabati la jikoni, hapa hapa Walthamstow, London, nilikokulia. Kahawa iliyokuwamo ilinywewa ikaisha nikiwa bado mtoto, lakini ukifungua kifuniko harufu yake bado inatoka, ile harufu nzito ya kahawa iliyokaangwa nyumbani na kuungua kidogo. Ndani yake mna manyoya saba ya kuku. Wageni wakiyaona hudhani ni mambo ya uganga, nami huwaacha wadhani hivyo mpaka wamalize chai. Wewe nitakueleza ukweli. Yale ni manyoya ya kuku wa jina langu.

Naitwa Adelgunda. Cheka kidogo kama unataka, halafu tuendelee, maana mimi mwenyewe nilianza kulionea haya kabla yako. Ni jina la bibi yangu mzaa baba, aliyezaliwa kwenye zahanati ya misheni huko Mbinga, milimani kwenye mashamba ya kahawa. Mkunga aliyempokea alikuwa sista Mjerumani, naye ndiye aliyekuwa Adelgunda wa kwanza kwetu. Baba yake Bibi alisikia watu wakimwita sista kwa jina hilo, akaona mtu aliyemtoa mtoto salama anastahili kupewa somo, akampa binti yake jina lilelile.

Mambo yakaanzia hapo. Katika ukoo wetu anayetoa jina humpa somo yake kuku. Basi wiki iliyofuata mzee yule alikwenda kubisha mlangoni kwa masista, mkewe nyuma na mtoto mgongoni, akadai kuku. Sista alidhani watu wana njaa, akawapa jogoo mnono. Mzee alimshukuru kwa adabu, akamrudishia jogoo wake, akaeleza kwamba jogoo hatagi, na jina lisilotaga ni jina la kufa. Sista, ambaye nadhani hakuelewa hata neno moja, aliingia bandani akatoka na tetea.

Kuku wa jina haliwi wala hauzwi. Vifaranga vyake ni mali ya mtoto. Na ukilikataa jina, unamrudisha kuku na uzao wake wote kwa mwenyewe.

Mimi nilizaliwa London, kwenye nyumba ya ghorofa ya pili juu ya kinyozi, mahali ambapo hata paka alikuwa haruhusiwi. Kwa hiyo kuku wangu alifugwa na Bibi huko Mbinga kwa niaba yangu. Kila Jumapili Baba alikwangua kadi ya simu kwa sarafu, akabonyeza zile namba ndefu kama anayefungua sanduku la benki, kisha sauti ya Bibi ikatokea kwa mbali ikipiga kelele, maana aliamini kwamba London isingesikia vinginevyo. "Somo yangu, kuku wako hajambo!" Hiyo ndiyo ilikuwa salamu. Baada ya hapo ndipo aliuliza habari zangu.

Nyumbani jina lile lilinipa cheo. Baba aliniita Mama, na asubuhi aliniamkia shikamoo nikiwa bado na tongotongo. Mama yangu aliniita mama mkwe. "Mama mkwe, samahani kwa usumbufu, vyombo vinakungoja," alisema, na vyombo nikaviosha. Cheo hakikunisaidia chochote penye sinki.

Nje ya nyumba cheo kilikwisha kabisa. Sokoni, katika ile barabara ndefu ya meza za nguo na matunda, kulikuwa na mtu aliyeuza vishikizo vya funguo vyenye majina ya watoto. Vilining'inia kwenye kitu cha kuzungusha, na kila Jumamosi, Mama akichagua ndizi, mimi nilikizungusha polepole kutoka juu mpaka chini. Majina yote ya darasani kwetu yalikuwapo. Muuzaji aliponiuliza natafuta lipi nikamtajia, alifikiri kidogo, akasema pengine wiki ijayo. Alikuwa mtu mwema. Alisema hivyo kwa mwaka mzima.

Nilipotimiza miaka tisa nilichoka kungoja. Nilinunua kishikizo kilichoandikwa Ella, kwa sababu lilikuwa fupi na lilikuwa la rangi ya waridi, nikakifunga kwenye begi. Mwalimu wetu alikuwa mgeni, naye kila asubuhi akifika kwenye jina langu alivuta pumzi kwanza kama mtu anayetaka kunyanyua gunia. Nilimwambia kwamba nyumbani wote huniita Ella. Alishukuru waziwazi. Kwa wiki tano nilikuwa Ella, na nilijisikia mwepesi, sikatai.

Usiache mbachao kwa msala upitao, wahenga walisema, lakini wahenga hawakusoma Walthamstow. Kilichoniponza ni bidii. Nilipewa cheti cha mwanafunzi bora wa wiki, nikakisahau ndani ya begi, na Baba akakiona alipokuwa akitafuta chombo changu cha chakula.

"Ella ni nani?" aliuliza.

"It's me," nilisema. Wakati ule nilielewa Kiswahili chote ila kukijibu nilijibu kwa Kiingereza. "At school I'm Ella."

Nilitegemea kugombezwa, na jibu nilikuwa nalo. Lakini Baba alikikunja cheti kwa mikunjo yake ileile, akakirudisha begini. Kesho yake asubuhi hakuniamkia. Alisema tu, "Habari za asubuhi," kama anavyowasalimu watu kwenye kituo cha basi. Hiyo iliniuma kuliko kofi.

Jumapili alikwangua kadi, akapiga, akanipa simu kabla hata ya kuongea mwenyewe. "Mwambie somo yako," alisema. "Jina ni lake, si langu."

Nilimwambia. Kwa Kiswahili changu cha kuokoteza nilisema jina ni gumu, hakuna anayelijua, maana yake siijui, nami sasa naitwa Ella. Bibi hakupiga kelele.

"Haya," akasema. "Basi kuku atarudi kwangu, na watoto wake."

"Sawa, Bibi."

"Ila kwetu kitu hakirudishwi bila kukaguliwa. Umesema maana yake huijui. Hata mimi siijui, sista hakuniambia. Kaulize, kisha unieleze tunarudishiana nini. Nakungoja Jumapili ijayo."

Nikaona hiyo ni kazi rahisi, kwa kuwa kwenye jengo letu, ghorofa iliyo chini yetu, alikaa bibi mmoja Mjerumani. Tulimwita Bi Lotte. Alikuja London akiwa msichana kufanya kazi za ndani, akaolewa na dereva wa basi, akazeeka hapo hapo. Mama akikaanga maandazi alimpelekea sahani, naye aliyala kwa jamu, jambo lililomshangaza Mama kila mara. Nyumba yake ilinukia mdalasini na dawa ya kuchua magoti.

Nilimwambia jina langu kamili. Kwa miaka yote ile alikuwa akiniita "msichana wa juu". Alinitazama, akavuta kiti, akakaa.

"Rudia," alisema. Nikarudia.

Akanieleza, kwa Kiingereza chake chenye kona kali, kwamba jina lile ni maneno mawili ya kale yaliyofungwa pamoja. La kwanza ni ukoo bora, watu wenye heshima zao. La pili ni vita. Wazazi wa zamani walimpa binti jina kama hilo wakitaka aheshimiwe na asionewe na mtu. Dada wa mama yake aliitwa hivyo. "Siku hizi Ujerumani hakuna anayempa mtoto jina hilo," alisema. "Tulipomzika mama yangu mdogo nilisema tumelizika na jina. Kumbe linapita mlangoni kwangu kila siku likienda shule."

Nilimwambia ninalirudisha.

"Wapi?"

"Mbinga. Pamoja na kuku."

Ilibidi nimweleze habari ya kuku tangu mwanzo, ya jogoo na ya tetea, naye alisikiliza kwa makini bila hata kutabasamu. Mwisho akasema kwamba kijijini kwao mtoto alipewa kijiko cha fedha na mama yake wa ubatizo. Alifikiri kidogo. "Kijiko hakitagi," akasema. "Kuku ni bora."

Wiki hiyo nilikuwa na dhiki ambayo sikuweza kumweleza mtu. Ella alikuwa na kishikizo cha funguo, lakini hakuwa na kuku, wala hakuwa na mtu wa kumwamkia. Mama mdogo wa Bi Lotte alikuwa akinijia akilini, amelala kaburini na jina langu. Na Baba aliendelea na habari zake za asubuhi.

Jumapili nilimsomea Bibi maana kutoka kwenye karatasi. Nilipofika kwenye vita aliangua kicheko mpaka akakohoa. "Hiyo babu yako aliijua bila kufundishwa," alisema. Kisha sauti ikarudi kuwa ya kazi. "Haya, tumeshakagua. Kuku wako nimfunge miguu lini nimhamishie banda langu?"

Swali la kawaida kabisa, lakini siku sikuitaja. Niliuliza kuku yuko wapi kwa sasa.

Bibi alisafisha koo. "Amelalia," akasema. "Mayai kumi na moja."

"Akifungwa sasa?"

"Mayai yatapoa."

Nilimtazama Baba. Alikuwa anafuta sahani ambayo ilikuwa imekauka tangu mchana.

"Mwache kwanza, Bibi. Mwache aangue."

"Nimwache?"

"Mwache."

"Wewe ndiye mwenye kuku," alisema Bibi.

Asubuhi yake Baba alisimama mlangoni pa chumba changu. "Shikamoo, Mama." Nikamjibu marahaba, kwa Kiswahili, na kwa sauti ya mtu mwenye mali. Shuleni nilimwambia mwalimu kwamba Ella amehama. Watoto wakacheka, kama nilivyojua watacheka, nikawaambia jina langu ni vita, na wavulana wawili wakataka kujua majina yao ni nini. Majina ya koo zao, kwa Kiingereza chao wenyewe, yalikuwa mtu wa mbao na mtu wa mkate. Kuanzia hapo hatukusumbuana.

Habari ya kumrudisha kuku haikuzungumzwa tena. Nilikuwa na hakika kwamba nimemhurumia kuku na kumfanyia Bibi hisani, na nilijisifu kimoyomoyo kwa muda mrefu. Kila aliyetoka nyumbani kuja London aliniletea kahawa, na juu ya kahawa unyoya mmoja uliofungwa kwenye karatasi, ushahidi kwamba kuku hajambo. Wa kwanza ulikuwa na madoa meupe. Wa pili ulikuwa mwekundu. Nilipouliza, Bibi alisema hata kuku huota mvi, nami nikaridhika. Sikuwahi kujiuliza ni mvi gani nyekundu.

Mwezi uliopita Shangazi Fransiska, dada yake Baba, alikuja kututembelea akaniletea unyoya wa saba. Ulikuwa mweusi tititi. Nilimwaga kopo mezani nikayapanga yote, nikamuuliza kwa utani huyu kuku anapaka rangi wapi. Shangazi alicheka mpaka akavua miwani.

"Kuku gani aishi miaka ishirini na miwili, mtoto wewe? Kideri kinapita kila mara, kinazoa banda zima. Mama akiamka akikuta wamekufa, huyo, anatoka kutafuta mwingine." Akafuta macho. "Hata ile wiki uliyosema unamrudisha, kuku hakuwepo. Walikuwa wamekufa wote, hata wa kitoweo hakubaki."

Nikamwambia hapana, Bibi alisema amelalia. Mayai kumi na moja.

"Alisema. Nilikuwa nimekaa pembeni yake. Alipokata simu alisema mtoto hawezi kuambiwa uongo juu ya jina lake. Asubuhi alitoka bila chai, akazunguka mlima mzima akiuliza nani ana tetea aliyelalia. Kampata ng'ambo ya mto, akangoja jua lizame ndipo ahamishwe, asije akasusa mayai. Alirudi amembeba kwenye tenga kichwani." Shangazi akavaa miwani yake. "Mayai yalikuwa tisa. Akaenda kuazima mawili."

Ningeambiwa tu kwamba kuku amekufa, mambo yangekwisha pale pale. Hakuna cha kurudisha, nenda zako, Ella. Ningefurahi, na nisingejua nimepoteza nini. Nililia pale mezani mbele ya yale manyoya, na Shangazi, ambaye hapendi machozi, akaniambia nipike chai.

Jumapili nilimpigia. Siku hizi namwona usoni kwenye simu, ingawa mara nyingi naona paji la uso tu, na bado anapiga kelele ili London isikie. Nilimwamkia, akaitikia. Nilikuwa nimeandaa maneno ya shukrani, nikayaacha.

"Somo," nikamuuliza, "kuku wangu hajambo?"

"Hajambo kabisa. Amelalia."

"Mangapi?"

Bibi aligeuza uso kutazama bandani. "Kumi na moja," akasema.

"Mwache aangue, Bibi."