Mbengali Wangu Getini

Bado nina hasira, na nusu yake najikasirikia mwenyewe, kwa sababu ule wimbo niliuleta mimi.

Mimi ni mtu wa nyumbani. Kutoka hapa Kimbo hadi Thika, kwangu hiyo ni safari ya kuombewa. Dunia naitembea kwa simu, miguu ikiwa ndani ya karai la maji moto. Ndivyo nilivyokutana na nyimbo za mapenzi za Kibengali, kwenye mtandao wa video wa watu wa mbali. Sielewi hata neno. Lakini kuna mwanamume huko anaimba kama mtu aliyeachwa leo asubuhi, na chini ya video Wakenya wamejaa wakiandika, "Huyu ananiimbia mimi." Nami niliandika hivyo.

Nikamtumia mdogo wangu. Yeye akamtumia mchumba wake, anayefanya kazi kiwandani Thika.

Siku ya ruracio, ya kumletea mdogo wangu mahari, ikafika. Wageni wa mahari kwetu hawaingii hivi hivi. Wanasimama nje ya geti wakiimba wafunguliwe, na akina mama wa ndani wanawajibu kwa wimbo, wakiwasumbua mpaka waridhike. Mwezi mzima nilimsikia mama akifanya mazoezi huku akikata sukuma wiki. Ilikuwa nafasi yake ya pekee. Mimi walishanihesabu pamoja na makochi.

Wageni wakafika, wakaweka spika chini, wakamfungulia Mbengali wangu. Vijana wakainua simu wajirekodi.

Mama akaimba mstari wake, akanyamaza angoje jibu. Mbengali akaendelea. Mama akaanza tena. Spika haingoji mtu. Akakaza leso kiunoni, akasema polepole, "Wafungulieni tu. Chai inapoa."

"Hakuna kufungua," nikasema.

Shangazi akanigeukia. "Kumbe una sauti?"

"Leo ninayo."

Nikatokea mlango mdogo wa geti, nikaubamiza, nikazima spika na kuiinua.

"Lakini sista," mchumba akasema, "si ni wewe uliutuma?"

"Niliutuma usikilizwe. Sikuutuma umzibe mama yangu mdomo."

"Tulitaka tu kuwafurahisha."

"Mna midomo?"

"Tuko nayo."

"Basi ombeni mfunguliwe."

Vijana hawakujua hata wimbo mmoja wa getini, na hilo ndilo lililozidi kunichoma, maana wa Mbengali waliujua wote, mpaka pale anapovuta pumzi. Ndipo mama yake mchumba, aliyekuwa amesimama nyuma yao kama mzigo uliosahaulika, akaanza kuimba. Kumbe naye alikuwa amejiandaa.

Ndani, mama akajibu. Aliwaweka kwa jua mpaka mashati yakalowa, na kila walipomaliza aliwaambia hajasikia vizuri.

Mimi pia nilikuwa nje, nimekumbatia spika. Nikagonga mlango mdogo.

"Huyo naye ni nani?" mama akauliza.

"Ni mimi, mama."

"Simjui. Aimbe."

Nikaimba.