Aliyekuwa Mume Wangu kwa Robo Saa

Kanisani wanaupenda sana ushuhuda wangu. Kila baada ya miezi michache mama mchungaji hunishika mkono na kuniomba niwaeleze akina dada jinsi mateso yalivyonipa nguvu. Nami husimama. Nasema nilipigwa miaka tisa, nikatoka, nikajifunza kazi ya wanaume, na leo nawalea wanangu wawili bila kumwomba mtu hata chumvi. Wanapiga vigelegele. Yote ni kweli. Ila kuna Jumamosi moja ambayo sijawahi kuitaja pale mbele, na sidhani nitaitaja.

Nianze na kule kupigwa, maana bila huko hutanielewa. Tuliishi Ziwani, kwenye zile nyumba za zamani zilizopangwa kwa laini, ukuta mmoja familia mbili. Mume wangu alikuwa dereva wa lori. Alinipiga kwa mshipi, kwa kiatu, na mara moja kwa pasi, namshukuru Mungu stima zilikuwa zimepotea. Nilipiga mayowe ya kusikika hadi barabarani na hakuna aliyebisha mlango. Jirani yetu, mama mcha Mungu aliyetoka magharibi kama sisi, aliongeza sauti ya redio. Kesho yake aliniletea uji na kunishauri nivumilie, kwamba mambo ya mtu na mkewe hayaingiliwi. Haki ya nani, nilimchukia yule mama kuliko nilivyomchukia mume wangu.

Nilipotoka nilienda soko la Burma kuomba kazi ya kuosha matumbo. Wanaume wa bucha walicheka hadi machozi. Niliosha matumbo mwaka mzima, kisha mkataji mmoja akaumia bega na mimi nikashika panga lake, wala sikulirudisha. Sasa nakata mguu wa ng'ombe na kuunyanyua kwenye ndoana peke yangu. Mikono yangu ilijaa misuli, na hasira yangu, ambayo ni nyingi, sikufichi, ikapata pa kuishia. Ng'ombe aliyechinjwa hana malalamiko.

Jumamosi hiyo ilikuwa saa saba mchana, wateja wamejaa. Alikuja mwanamume wa miaka thelathini hivi, amevaa ovaroli ya bluu kama wale vibarua wa viwandani wanaotoka Mukuru kwa Reuben. Akaomba nusu kilo ya matumbo. Nilipoinama kuyachukua, simu yangu iliyokuwa kando ya mizani ikaondoka naye. Nami bila kufikiri nikapiga ukelele: "Mwizi!"

Mtu wa mitaa yetu ya Eastlands anajua hilo neno ni kiberiti. Hakufika mbali. Alikimbia hatua ishirini, mtu wa makaa akamtega mguu, akaanguka kifudifudi, na waendesha boda wakaacha pikipiki zao stejini wakamvamia. Nisikudanganye, nilifurahi. Nilitoka na panga langu mkononi nikifurahi. Wa kwanza alimpiga teke la mbavu. Wa pili alimpiga na kofia ngumu ya pikipiki, nikasikia meno. Kisha likaja jiwe, tena jiwe, na watu wasiojua hata kilichoibwa wakapenya kutafuta mahali pa kutia mguu. Mtu mmoja alikuwa akisema siku za mwizi ni arobaini, anasema huku amekunja mikono ya shati.

Simu yangu ilikuwa imeanguka karibu na mtaro, kioo kimepasuka. Niliiokota. Nikawaambia basi, nimeipata, imetosha. Hakuna aliyegeuka. Nikasema tena kwa nguvu, nikasema nimemsamehe. Kijana wa boda akaniambia kwa adabu kabisa, kama anavyomwita mamake, "Mathe, rudi kazini. Hii wachia sisi." Simu ilikuwa yangu, mwizi alikuwa wangu, na mimi sikuwa na neno tena. Ndipo nikaona mwingine amelaza pikipiki yake, anakinga chupa ya maji chini ya tangi la petroli.

Hofu ilinishika. Mtu angechomwa mbele ya bucha yangu kwa sababu ya mdomo wangu, na ningeendelea kupima nyama hapo hapo Jumatatu. Nilimtazama kupitia katikati ya miguu ya watu. Alikuwa amejikunja, viwiko vimefunika masikio, magoti yamefika kifuani, amegeuza mgongo ndio upokee mapigo. Hivyo ndivyo nilivyokuwa nikilala mimi kwenye sakafu ya Ziwani. Na nilipokumbuka ile sakafu, nilikumbuka pia kitu kimoja ambacho watu wa mitaa yetu hawakiingilii hata ukikatwa vipande.

Nililitupa panga. Nikawasukuma kwa mabega, na mabega ninayo, nikamshika ukosi wa ovaroli, nikamwinua, nikamzaba kofi ambalo lilinyamazisha watu.

"Wiki tatu hulali nyumbani! Watoto wako wanakula nini?"

Mateke yakasita. Yule mwenye chupa alisimama, petroli inamwagika kwenye viatu vyake. Aliniuliza kama si mimi niliyepiga kelele za mwizi.

"Na si mwizi?" nikamjibu. "Aliyeniibia miaka tisa ni nani, wewe?"

Mtu akacheka. Kisha wawili, kisha watano. Mwenye chupa hakucheka. Alinikaribia akanitazama usoni, akauliza polepole, "Mama, huyu ni wako kweli?"

"Ni wangu. Niachieni nimmalize mwenyewe."

Nikampiga mwizi kofi la pili ili mwenye chupa aamini, na la tatu. Lakini bado alisita, akamwinamia yule mwanamume akamuuliza mimi ni nani kwake. Hatukuwa tumeonana kabla ya siku hiyo, na akili yake yote ilikuwa imetikiswa na kofia na mawe. Alifumbua jicho moja, lile jingine lilikuwa limevimba. Akanitazama. Akapiga magoti na kunishika miguu.

"Mama watoto," akasema. "Nisamehe."

Hapo wakaangua kicheko kikubwa, na mambo yakaisha. Nilisikia mmoja akisema hayo ni ya nyumbani, twendeni. Mtu alikuwa ameokolewa. Ningemwachilia, ningemburuta hadi ndani ya bucha, ningempa maji, na huo ungekuwa ushuhuda mzuri kushinda ule mwingine.

Lakini alikuwa ameniambia mama watoto nisamehe. Mume wangu alinitamkia maneno hayo hayo kila asubuhi baada ya kunipiga, amepiga magoti vivyo hivyo, amenishika miguu vivyo hivyo, miaka tisa. Na kila asubuhi nilimjibu kwamba nimekusamehe, baba watoto, kwa mdomo uliopasuka.

Nilimpiga ngumi ya kwanza katikati ya mdomo. Nilimpiga shingoni, mgongoni, kichwani. Hakuinua mkono. Nilimpiga kwa mikono hii inayonyanyua mguu wa ng'ombe, nikimuuliza maswali ambayo hayakuwa yake, kuhusu pasi, kuhusu mimba niliyoipoteza jikoni, kuhusu redio ya jirani. Sikusikia uchungu wa vidole ingawa kimoja kilikuwa kimevunjika. Siwezi kukwambia nilikuwa naigiza. Nguvu wanayoipigia vigelegele kanisani ilikuwa ndiyo hiyo, na ilikuwa tamu. Hilo ndilo nililojifunza siku hiyo na nimekuwa nikijihadhari nalo tangu hapo.

Kisha nikasikia sauti ndogo chini yangu.

"Mathe," alisema. "Wameenda."

Mkono ulikuwa bado juu. Niligeuka. Stejini waendesha boda walikuwa wamerudi kwenye pikipiki zao, mmoja anakula mahindi. Mtu wa makaa alikuwa anampimia mteja. Hapakuwa na hata mtu mmoja aliyekuwa akitutazama. Nilimuuliza wameondoka saa ngapi.

Alitema damu kando, akajifuta kwa mkono wa ovaroli.

"Kitambo," akasema. "Nilikuwa naogopa kukuambia."