Taulo la Siku ya Arobaini na Tisa

Nakumbuka siku moja, mwanangu, nilimrudishia mfiwa zawadi yake mlangoni kwake, kisha nikarudi chumbani kwangu nikijiona shujaa. Jana uliponionyesha kwenye simu yule mzee wa Kijapani anayekula peke yake hotelini, ukasema watu wa huko hawana moyo, siku hiyo ilinijia yote. Na wewe ndiko unakokwenda kuwatunza wazee wao. Kaa hapa kwanza. Begi litafungwa tu.

Wakati huo nilikuwa msichana wa rika lako, fundi cherehani hapa hapa Mpanda, mtaa wetu huu wa Kashaulili. Nilipanga chumba kwa Bibi Kalunde, mama mmoja wa Kikonongo, mpole wa kuongea, lakini akikusema hutasahau. Chumba cha pili alipanga Mwalimu Haruka, Mjapani aliyekuja kujitolea kufundisha hisabati sekondari. Tulielewana upesi. Mimi nilimfundisha kusonga ugali, yeye akanifundisha kukunja nguo zikakaa kama zimepigwa pasi. Akichelewa dakika tano kuja kula, aliomba radhi mpaka ugali unapoa.

Asubuhi moja alitoka chumbani akatuambia mama yake amefariki huko kwao. Alisema huku akitabasamu. Hata angeondoka saa ile asingewahi mazishi, kwa hiyo alibaki. Wanawake wa uani tulitazamana, lakini msiba ni msiba. Tukatandika mikeka, majirani wakaleta unga, maharage na kuni, tukakaa naye siku tatu. Hakulia. Alihangaika kutumiminia chai sisi tuliokuja kumfariji, hadi Bibi Kalunde akamshika mkono na kumkalisha. Nisikufiche, moyoni nilishaanza kumhukumu. Mwaka uliotangulia nilikuwa nimemzika mama yangu, bibi yako, nikalia mpaka sauti ikakauka. Sikuelewa ni mtoto gani anayeweza kutabasamu.

Zikapita wiki kadhaa. Jumamosi moja Haruka akapita mlango kwa mlango, amevaa gauni lake jeusi. Kila aliyekaa naye msibani alimpa taulo dogo jipya na kipande cha sabuni, vimefungwa vizuri kwenye karatasi. Alitoa kwa mikono miwili, akainama. Mimi alinikuta kwenye cherehani. Alipoondoka nikafungua, na nilipoona kilichomo uso ukaniwaka. Nilidhani anatulipa ili tumalizane, asiwe na deni la wema wetu. Nikamfuata mpaka mlangoni kwake, nikamrudishia mkononi.

"Mwalimu," nikamwambia, "kwetu kukaa msibani hakulipwi."

Akatabasamu tena. Akasema samahani, akainama, akafunga mlango. Tangu hapo salamu zake hazikupungua, ila uani hakukaa tena. Alipika na kula chumbani mwake. Mimi nikawa nasimulia jinsi nilivyomtia adabu, na majirani wawili, kwa maneno yangu hayo, nao wakarudisha mataulo yao.

Bibi Kalunde siku hizo alikuwa kwa binti yake Kibaoni. Aliporudi akaletewa taulo lake, naye akafanya jambo ambalo hakuna kati yetu aliyelifanya. Alimuuliza Haruka. Wakakaa wawili mle chumbani, wakazungumza mpaka birika la chai likaisha, kisha akaniita.

Akanieleza kwamba kwao Haruka, mtu akifa, huhesabu siku arobaini na tisa. Zikitimia, mfiwa huwapelekea kitu kidogo wale waliomshika mkono, kuwajulisha kwamba sasa amesimama, wasimhofie. Si mbali na arobaini yetu, tunapokutana, tukala, tukawaruhusu wafiwa warudi kwenye kazi zao. Haruka alizihesabu siku zake peke yake, kisha akazunguka sokoni kutafuta mataulo. Na lile tabasamu? Alilelewa kutowatwisha wengine uchungu wake. Kulia alilia, ila mdomo ukiwa kwenye mto wa kulalia.

"Mwenzio alikuwa anatoka msibani," Bibi akasema. "Wewe umemrudisha. Kiswahili anakisikia, ulishindwa nini kumuuliza?"

Nilikwenda kwa Haruka nikapiga hodi, nikapiga magoti kama tunavyowasalimia wakubwa, nikanyoosha mikono yote miwili. Nikamwambia sikujua, na kwamba kosa langu ni kutokuuliza. Akakitoa kile kifurushi. Alikuwa amekifunga upya, hata mkunjo niliouharibu mimi ulikuwa umenyooshwa. Akaanza kunikabidhi huku akitabasamu, halafu lile tabasamu likamshinda. Alilia kwa sauti, mwanangu, kilio cha kwetu kabisa, nami nikamkumbatia pale pale mlangoni. Alipotulia akasema hata yeye alipaswa kutuuliza kwanza sisi tunafanyaje. Kesho yake niliwapitia wale majirani wawili, nikawasimulia aibu yangu mwenyewe, nao wakaenda kuchukua mataulo yao.

Lile taulo nililitumia mpaka likachanika. Wewe mwenyewe, dada yangu, mama yako mzazi, alipokuacha mikononi mwangu, nilikuogeshea hilo.

Basi huko uendako usiwe na haraka ya kukasirika. Mzee akikukatalia msaada, akikutabasamia wakati ulitegemea machozi, akila peke yake, muulize taratibu, kisha usubiri jibu. Na wewe usinyamaze ukitegemea wakuelewe. Waambie kwetu tunafanyaje, maana wao nao hawajawahi kufika Mpanda.

Neno la mwisho nalisema sasa kwa sababu nikikusindikiza stendi nitashindwa. Mimi si kijana tena. Habari zangu zikikufikia ukiwa huko, na safari ikashindikana, usijifungie chumbani na mto. Lia kwa sauti, uwaambie unaofanya nao kazi, uwaache wakae nawe kwa namna wanayoijua. Kisha uzihesabu zile siku arobaini na tisa, na zikitimia uwapelekee mataulo, hata madogo, kwa mikono miwili. Hapo nitajua umesimama.

Nenda, mwanangu. Mungu akutangulie, akupe mlango wa kupigia hodi huko ugenini, na mtu wa kukufungulia.