Sifa Niliyoicheka

Nimefundisha Kiswahili katika shule moja karibu na Sironga kwa miaka mingi, na somo la kinaya ndilo nililokuwa nikilifundisha kwa mbwembwe kuliko yote. Nilikuwa naandika ubaoni: kusema jambo huku ukikusudia kinyume chake. Kisha namgeukia mwanafunzi aliyechelewa na kumwambia, "Karibu, mheshimiwa, tusingethubutu kuanza bila wewe." Darasa linaangua kicheko, nami najiona fundi.

Nyumbani kwa wakwe zangu, ufundi huo haukunisaidia hata kidogo.

Mimi ni mtu wa ziwani. Kwetu mtu akikusifu amekusifu, tena kwa sauti ya kusikika ng'ambo, na wewe unamjibu kwa kujisifu zaidi. Nilipoolewa katika familia ya wakulima wa chai kule Itumbe, nilimkuta mama mkwe mwembamba, mtulivu, Msabato wa tangu utotoni, mjane aliyelea wana wanne peke yake. Ekegusii yake sikuijua, Kijaluo changu hakukijua. Tukakutana katika Kiswahili: yeye na kile alichokiokota sokoni na kwenye kituo cha kupimia majani ya chai, mimi na kile cha vitabuni. Alisema "kitu yangu" na "maji imeisha," nami nikauma ulimi nisimsahihishe. Mimi aliniita mokamwana, yaani mke wa mwana. Siku nikikosea, aliniita mwalimu. Hilo nililigundua nikiwa nimechelewa sana.

Wiki ya kwanza nilijitolea kuchuma chai. Chai huchumwa majani mawili na kichipukizi chake, lakini hakuna aliyenieleza, nami sikuuliza. Nilichuma kila kilichokuwa kijani. Mama mkwe akaja, akachungulia kikapu changu, akanitazama usoni.

"Eh, mwalimu! Wewe ni mtu ya nguvu. Ukiendelea hivi, mwaka kesho hatutasumbuka kupogoa."

"Asante sana, Mama," nikasema, nikaongeza kasi.

Kituoni karani alimwaga majani yangu mezani, akaanza kuyachambua, na sehemu kubwa akaitupa chini. Mume wangu aliponisikia nikirudia zile sifa, alicheka mpaka akaegemea ukuta.

"Alikuwa anakwambia uache!"

"Mbona hakusema niache?"

"Si ndivyo alivyosema?"

Siku nyingine nilipika chinsaga, mboga yao chungu inayotaka kuchemshwa kwa muda mrefu kisha itulizwe kwa maziwa. Mimi niliichemsha kama sukuma wiki. Mama mkwe akaonja, akameza polepole. "Hii mboga ni dawa kabisa," akasema. Nikafurahi, maana kwetu mboga za kienyeji tunaziita dawa ya mwili, nikamwongezea vijiko vitatu. Alivila vyote, kwa adabu.

Taratibu nikaanza kushika. "Umefika mapema" ilimaanisha nimechelewa. "Usihangaike" ilimaanisha hangaika, tena haraka. Jioni moja nilirudi kutoka shuleni giza likiingia, naye alikuwa uani anapepeta wimbi.

"Serikali imekubali kuturudishia wewe?" akauliza.

"Imeniazima tu hadi asubuhi, Mama. Mkinichosha, itawashtaki."

Aliweka ungo chini, akacheka huku akijipangusa macho. Tangu siku hiyo tukawa tunarushiana maneno kila tulipokutana. Majirani walidhani tunagombana. Kumbe hakukuwa na wakwe wawili waliopatana kama sisi. Nilifika mahali ambapo nikisikia neno lolote kutoka kinywani mwake naligeuza ndani nje kwanza kabla ya kulipokea.

Kisha mvua za Aprili zikaja, akateleza kwenye mteremko wa shamba, akavunjika mkono wa kulia. Shule zilikuwa zimefungwa. Nikawa nashinda naye nyumbani kutwa kumwangalia. Nilimwogesha, nikamfunga kitambaa kichwani, nikamkatia ugali vipande vidogo avichukue kwa mkono wa kushoto. Alinituma kama askari wa jela na alinung'unika kwa raha zake, nami nikamjibu kila neno.

Alasiri moja tulikaa uani, mimi nikimkata kucha za ule mkono mzima, kazi ambayo mtu mwenye plasta hawezi kujifanyia. Kuku walikuwa wakipekua karibu na ghala. Mama mkwe akasema, bila kuniangalia:

"Mungu alinipatia vijana wanne. Msichana nikaomba mpaka nikachoka. Sasa naona alikuwa anamlea kwa watu wengine, huko ziwani."

Nikacheka. Nilicheka kweli kweli, kichwa nyuma. "Ala! Mama, leo nimeharibu nini tena? Nimekukata kidole?"

Akauvuta mkono wake taratibu, kucha tatu zikiwa bado hazijakatwa, akauweka mapajani.

"Asante, mwalimu," akasema. "Inatosha."

Siku tatu zilizofuata zilikuwa ndefu. Hakununa wala hakufoka. Alikuwa na heshima tupu. Tafadhali. Samahani. Nilimletea chakula, akasema, "Chakula ni kizuri." Hata ngeli ilikuwa sahihi, na hilo ndilo lililonitia hofu zaidi. Nilirusha utani mara mbili, mara tatu, ukaanguka chini bila mtu wa kuuokota.

Mume wangu alikuwa akifanya kazi ya kutibu mifugo upande wa Nyansiongo na alifika nyumbani Ijumaa, kabla ya Sabato kuingia. Nikamvuta nyuma ya jiko, nikamsimulia nikitarajia acheke. Hakucheka.

"Alipokuwa anasema hayo, alikuwa anaangalia wapi?"

Nikafikiri. "Kuku. Alikuwa anaangalia kuku."

"Basi alikuwa anasema kweli." Akashusha pumzi. "Mama akitania huwa anakutazama usoni, anataka kuona kama umeshika. Kitu cha moyoni hukisema akiangalia kando. Baba alipofariki, aliwashukuru watu wote waliokuja akiwa ameukazia macho mlango wa zizi."

Msichana mmoja darasani aliwahi kuniuliza, "Mwalimu, tutajuaje kama mtu anasema kinaya, ikiwa yeye mwenyewe hacheki?" Nikamjibu, "Muktadha," neno ambalo sisi walimu hulitumia tunapotaka kuendelea na ukurasa unaofuata. Miezi mingi nilikuwa nimejifunza kusikia kinyume cha kila kitu, na mtu aliponipa moyo wake ulivyo, niliucheka mbele yake.

Jumamosi watu walikuwa wengi, kanisani na nyumbani, sikupata nafasi. Jumapili asubuhi nilimkuta ameketi juani nje ya jiko. Nikakaa kwenye kigoda kando yake.

"Mama, ile siku nilicheka. Nilidhani unanitania. Nisamehe."

Alitazama migomba. "Nilijua," akasema.

"Ulijua?"

"Baadaye. Kwanza nilisikia uchungu. Halafu nikajiambia, huyu mtoto nimemzoesha vibaya. Mtu ukimlisha pilipili kila siku, siku ukimpa asali atatema."

"Mbona basi hukuniambia?"

"Ningekwambia aje? Kitu kama hiyo mtu anasema mara moja."

Nikataka kumjibu kwa maneno ya kuchekesha, kwa mazoea, na yalikuwa tayari mdomoni. Nikayameza. Ilikuwa vigumu kuliko nilivyodhani. Mama yangu mzazi alifariki nikiwa chuoni, jambo ambalo pale nyumbani halikuwahi kuzungumzwa. Nikaitazama migomba na mimi, kwa sababu hapo niligundua kwamba ni rahisi zaidi kusema hivyo.

"Mimi nilibaki bila mama," nikasema. "Nilipokuja hapa sikutegemea kumpata mwingine. Nimempata."

Baadaye kidogo aliinuka kwa kuegemea bega langu, akabaki ameegemea hivyo kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika, kisha akaniambia nilete jembe, kuna viazi vitamu vinaozea ardhini huku watu wameketi wanaangalia migomba.

Plasta ilitolewa wiki ambayo shule zilifunguliwa. Kidato cha tatu kilipofika kwenye kinaya, niliandika maana yake ubaoni kama kawaida. Halafu nikafuta, nikawaambia kila mmoja aandike sentensi moja ya kumsifu mtu wa nyumbani kwao, aseme anachomaanisha bila kukigeuza. Walikuna vichwa, wakatafuna kalamu, wakachunguliana madaftari. Kejeli wangeandika kurasa mbili bila kupumua.

Msichana wa dawati la mbele akainua mkono. "Mwalimu, hii itatoka kwa mtihani?"

Nikawaambia haitatoka, na nusu yao wakaweka kalamu chini.