Paka Aliyekuwa Kadhi

Mwalimu mmoja wa Kihindi, jirani yetu pale Langoni, aliporudi kwao Kerala alituachia furushi la magazeti ya vichekesho vya watoto. Yote yalikuwa ya Kimalayalam, herufi zimejikunja kama jalebi. Mama hakuwa mtu wa kuiacha chini karatasi yenye maandishi, isije ikawa na jina la Mwenyezi Mungu.

"Hatuyui yameandikwani," alisema. "Yawekeni yuu."

Basi paka mnene mwenye miwani akakaa kwenye kidaka cha ukutani, kando ya misahafu, na hakuna aliyeona ajabu.

Dada yangu ndiye aliyetusomea. Tulimwamini kabisa. Kwenye chuo cha Kurani sote tulisoma maneno tusiyoyajua maana, kwa nini yeye asisome haya? Alipitisha kidole toka kulia kwenda kushoto, kwa sauti ileile ya chuoni, na yule paka akawa kadhi anayesikiliza kesi ya samaki aliyeibwa, ilhali samaki mwenyewe yumo tumboni mwake. Tulicheka mpaka mbavu zikatuuma.

Magazeti yaliliwa na mchwa. Dada alifariki bintiye hajajua hata kutembea. Binti huyo sasa ni mtu mzima, anakaa Wiyoni, na juzi alinijia na simu mkononi. Kuna watu huko Kerala wameyapiga picha magazeti yale, ukurasa kwa ukurasa, wakayatia mtandaoni.

"Mjomba, paka wenu ndiye huyu?"

Ndiye, na miwani yake. Tukaiambia simu itafsiri. Kumbe paka ni mwalimu, anawafundisha panya kuhesabu. Ni kichekesho kizuri, sikatai, lakini nilikichukia papo hapo.

"Hiyo ni ya simu," akasema. "Nisomee ya mamangu."

Hana sauti ya mama yake iliyorekodiwa popote, na hiyo tu ndiyo aliyoitaka. Nikaweka kidole kulia, nikaanza kwa sauti ya chuoni, nikikivuta kwenda kushoto kama alivyofanya dada. Ukurasa ukageuka, paka akatoweka. Binti akaurudisha. Nikaanza upya, ukageuka tena.

"Usikiguse kioo, Mjomba."

Nikakipitisha kidole hewani. Kesi ikasomwa, mashahidi wakaja, samaki akatajwa. Nilipofika kwenye hukumu, pale hasa tulipokuwa tukiangua kicheko, nikakuta sikumbuki hata neno. Nikakirudisha kidole kulia, naye bado ananitazama mdomoni.